Mume Wangu Mchambuzi

Juni 9

Sae sasa hivi amepanda juu ya mto wa kukalia, ameshika mwiko wa wali karibu na mdomo, ameinamia ukuta mara mbili, kisha akasema kwa sauti nzito, "Ehe, ni kweli kabisa." Halafu akatulia, anasubiri ukuta umuulize swali jingine. Nimecheka mpaka nikakaa chini. Ana miaka miwili na nusu, na kazi ya baba yake tayari anaijua yote.

Naandika hapa kwa sababu Baba Sae ameniambia nisibwabwaje mambo ya redio huko nje. Haya, nje sibwabwaji.

Yeye alikuwa mrushaji wa besiboli, yule anayesimama kwenye kijilima katikati ya uwanja na watu wote wanamtazama. Alianzia Shule ya Minatogaoka kwa Kocha Shigematsu, akaenda timu za kulipwa, bega likaharibika, wakalishona, likagoma. Tangu hapo anapanga mataulo kiwandani hapa Imabari. Sasa redio ya mkoa imemchukua awe mchambuzi wa mashindano ya shule mwezi wa saba. Wakimpenda, vuli ikifika wanampa kazi ya kudumu. Nimemnunulia shati lenye kola ngumu, ingawa redioni halionekani. Namwombea. Nataka Sae akue akijua baba yake alikuwa na kazi mbili nzuri, si moja iliyokwisha mapema.

Juni 12

Leo amekuja Bwana Okazoe, mtangazaji mwenyewe, kumfundisha. Nywele zake ni nyeusi kuliko za Sae, na ana umri wa baba yangu. Amekula vibanzi vyangu vya samaki vyote, hata kile nilichomwekea mtoto, bila kusema ni vitamu.

"Bwana Himeno," anasema, "ukiona kijana amechoka, usiseme amechoka. Sema anapigana na nafsi yake."

"Ehe, ni kweli kabisa."

"Akiwa anaumia, usiseme anaumia. Sema ameibeba timu nzima."

"Na akirusha vibaya?"

"Mpigaji wa upande wa pili ndiye hodari. Redioni hakuna mtu mbaya, Bwana Himeno. Wasikilizaji wana wajukuu."

Baba Sae anaandika yote. Mwanamume aliyewahi kusimama mbele ya watu elfu thelathini bila kupepesa macho, ananakili maneno ya mtu aliyepaka nywele wino! Nikaenda jikoni nikasonya taratibu.

Juni 15

Mvua. Sae ana mafua.

Juni 20

Ilibidi twende wote wawili kumwona Kocha Shigematsu, maana yeye ndiye aliyesema na watu wa redio. Mtu akikufungulia mlango, unakwenda kumwinamia na boksi la vitu vitamu, na mke anainama nyuma ya mume. Niliinama. Mgongo ni wangu, lakini leo ulikuwa wa Kocha.

Mzee amekaa kwenye kiti chini ya turubai kando ya uwanja kama mfalme wa vumbi. Mama mmoja anampepea, mwingine anamletea chai ya shayiri yenye barafu. Pale Minatogaoka akina mama wa wachezaji wana zamu ya chai ya Kocha. Anayekosa zamu yake, mwanawe anakaa benchi. Hakuna aliyeandika sheria hiyo popote, na hakuna asiyeijua. Aliyeleta chai leo ni Mama Kosei, ambaye mimi nafunga naye maboksi ya chakula dukani. Dukani anacheka kwa sauti kubwa mpaka mwenye duka anamkanya. Pale alikuwa anatembea kama anabeba yai.

"Himeno!" Kocha akasema. "Bega vipi?"

"Zuri, Kocha. Asante."

Uongo mtupu. Mkono ule hauwezi kufungua kabati la juu. Sae akitaka kubebwa begani anajua kwenda upande wa kushoto, hajawahi kuambiwa.

"Nilikujenga mimi."

"Ni kweli kabisa, Kocha."

"Siku hizi eti mrushaji apumzishwe, eti ahesabiwe mipira. Vijana wa tambi hawa! Wewe fainali ulirusha mwanzo mpaka mwisho na homa juu. Nilikuuliza unaweza, ukajibu nini?"

"Nilijibu naweza."

"Umeona? Hayo ndiyo ya kwenda kusema redioni."

Kule uwanjani kijana mrefu alikuwa anarusha, anarusha, anarusha. Ni Kosei, wa Mama Kosei. Baba Sae alimtazama muda mrefu kidogo kuliko ilivyohitajika kwa heshima. Njiani nilimuuliza unaonaje yule kijana. Akasema, "Ana kipaji."

Juni 21

Shati halikauki. Mvua tu.

Julai 2

Leo tukiwa tunaweka mayai ya kukunja kwenye maboksi, Mama Kosei ameniambia kwa sauti ndogo, macho kwenye mayai: "Mama Sae, mwanao anajivalisha mwenyewe?"

"Anavaa soksi mikononi. Kwa nini?"

"Mimi wangu ana miaka kumi na saba, na asubuhi namvalisha fulana. Mkono wa kulia haupandi. Anasema, mama, vuta taratibu."

Yai likanivunjikia mkononi. Nikamwambia mpeleke kwa daktari. Akasema daktari atamkataza. Nikasema basi kamwambie Kocha. Akanitazama kama nimemwambia akavue samaki barabarani. "Wenzangu watasema nini? Watoto wao wamefanya mazoezi miaka mitatu kwa ajili ya Julai hii. Mwanangu awaharibie wote?"

Nilimwona mwoga. Mama mzima!

Julai 5

Mama Kosei alikwenda. Ameniambia mwenyewe, tena kwa kujivunia kidogo mwanzoni.

Alinunua boksi la keki za maharage, akavaa gauni la sherehe, akaenda nyumbani kwa Kocha. Sasa huwezi kuingia tu kwa mtu mkubwa ukasema mwanangu anaumwa. Lazima uanze kwa kuomba radhi. Basi akapiga magoti mlangoni, akasema, "Kocha, nisamehe sana, mwanangu Kosei anakupa usumbufu kwa sababu ya bega lake." Kocha akapokea boksi. Akasema, "Nimeelewa. Usijali, mama. Nimekusamehe. Mwambie ajitahidi."

"Halafu?"

"Halafu nikashukuru."

"Ukashukuru nini?"

"Si amenisamehe?"

Tukatazamana, na hapo ndipo na yeye alipoelewa. Alikwenda kumtoa mwanawe, akarudi amemwahidi Kocha kwamba atarusha. Amekaa juu ya gunia la mchele akafunika uso kwa kofia ya kazi. Sikumcheka. Nilitamani kumcheka yule mzee, ila kicheko hakikutoka, kilitoka kitu kingine nisichoweza kukiandika mtoto akiwa amelala karibu.

Julai 11

Mashindano yameanza. Minatogaoka imeshinda. Nimesikiliza redio huku nimempakata Sae, kila baba yake akisema neno anaipapasa redio. Kosei wanamwita kwa jina la ukoo, Kanzaki.

"Bwana Himeno, kijana Kanzaki leo anarusha kwa moyo!"

"Ehe, ni kweli kabisa. Anapigana na nafsi yake."

"Na jua hili!"

"Ehe. Ameibeba timu nzima."

Sauti yake ni nzuri, hilo nakiri. Nzito, imetulia. Ningependa kuisikia ikisema kitu.

Jirani wa chini amegonga kunipongeza. Mwenye duka kasema sasa mimi ni mke wa mtu maarufu, je nitaendelea kufunga maboksi? Nikasema nitaendelea, Mungu akipenda na samaki wakipatikana.

Julai 13

Joto. Kosei karusha tena, yote.

Julai 16

Leo Minatogaoka wameshinda mara ya tatu. Baba Sae amerudi na tikiti maji kubwa kutoka kwa mkuu wa kipindi. Bwana Okazoe amemwambia mkataba wa vuli karibu utaandikwa. Nilifurahi kweli, nikakata tikiti, nikampa Sae kipande, akajipaka mpaka masikioni. Nikaona sasa ndio wakati. Nikamweleza habari ya Mama Kosei, fulana, boksi la keki, yote.

Akaendelea kutoa mbegu kwa ncha ya kisu.

"Najua," akasema.

"Unajua nini?"

"Bega. Nimeliona tangu ile siku ya turubai. Kiwiko kinashuka kabla hajaachia mpira. Mimi nilikuwa hivyo hivyo."

Nikaweka kisu changu chini. "Umeliona. Na ukasema redioni ameibeba timu nzima."

"Mama Sae."

"Usiniite. Jibu."

"Mimi ni nani nimseme Kocha mbele ya mkoa mzima? Nimekula wali wake. Kazi hii kanipa yeye. Nikisema, kesho nimerudi kwenye mataulo, na wewe hutoki kwenye maboksi, na hakuna kitakachobadilika kwa yule kijana. Unafikiri mzee anasikiliza redio akiwa uwanjani?"

"Kwa hiyo wewe unalipwa uone halafu unyamaze."

"Nalipwa nichambue."

"Haya. Chambua tikiti."

Sijawahi kusema naye hivyo. Wakati nachumbiwa nilidhani mtu aliyeumizwa hawezi kumtazama mwingine akiumizwa. Nilikuwa msichana niliyeacha shule nikiwa na miaka kumi na sita, nilidhani vitu vingi. Okazoe namdharau kwa raha, kama mtu anavyojikuna. Huyu namdharau, na shati lake bado nalipiga pasi.

Sae alikuwa anatutazama, mmoja baada ya mwingine. Akampelekea baba yake kipande kilichoumwa. Kakila.

Julai 17

Sijaongea naye. Chakula nimepika.

Julai 18

Chakula nimepika.

Julai 22

Nusu fainali. Nitaandika yote kama nilivyosikia, nisije nikaanza kuyapamba.

Dukani tulikuwa wanne na redio. Mama Kosei hakuwepo, ana zamu ya chai. Mchana jua lilikuwa kali hata paka walikuwa wamelala chini ya magari. Mchezo uko zamu ya nane kati ya tisa, Minatogaoka wanaongoza kwa alama moja, Kosei bado yuko juu ya kijilima. Wapigaji wawili mfululizo amewarushia nje kabisa.

Okazoe akaanza: "Zamu ya nane, Bwana Himeno! Mwanzo mpaka sasa ni yeye peke yake. Ujana huu wa dhahabu! Tuseme nini?"

"Ehe..."

Kisha kimya. Redioni kimya ni kitu kibaya, unasikia mpaka wauza barafu. Mwenye duka akasema, "Imekufa betri?" Akaipiga kofi.

"Bwana Himeno?"

"Mkono wake umekwisha," Baba Sae akasema. Kwa sauti ile ile. "Kiwiko kimeshuka tangu zamu ya nne. Ule mpira wa mwisho ameusukuma kwa mgongo. Mtoeni."

"Ha ha, mchambuzi wetu anamhurumia mdogo wake wa shule..."

"Simhurumii. Namwambia Kocha. Kocha, mtoe. Nilipokuwa mimi uliniuliza naweza, nikajibu naweza. Kijana wa miaka kumi na saba ukimuuliza mbele ya wenzake atajibu nini kingine? Atakuambia anaweza hata mkono ukidondoka. Tangu mechi ya kwanza nimekuwa nawaambia nyinyi wasikilizaji anapigana na nafsi yake. Haikuwa kweli. Anaumia. Nilikuwa naona na nikawa nasema mengine."

Mwenzetu mmoja alikuwa ameshika koleo la samaki hewani, mafuta yanadondoka sakafuni. Mwenye duka akasema, "Huyu mume wako amelewa?" Nikasema hanywi.

Okazoe akasema, baada ya kukohoa, "Mpira... umekwenda nje. Sasa wapinzani wamejaa vituo vyote vitatu."

Kocha hakumtoa. Bila shaka hakumtoa, hakusikia, na angesikia asingemtoa. Kosei alirusha mpaka mwisho, wakashinda, wakaimba wimbo wa shule. Nikalia juu ya wali wa watu, ikabidi nitupe maboksi mawili.

Amerudi kabla ya jioni. Nikamvua lile shati. Limelowa mgongo mzima. Akaniambia Okazoe alikuwa na swichi ya kuzima kipaza sauti mbele yake, kidole kimegusa, hakubonyeza. Nimelifikiria hilo. Zile nywele bado sizisamehi, lakini kwa kidole kile namshukuru.

Julai 23

Redio imepiga simu saa mbili asubuhi. Fainali atachambua Bwana Moriguchi, mrushaji wa zamani mwenye tumbo, anayekubali kila kitu kabla hakijasemwa. Habari za vuli wamesema "tutaangalia," na kila mtu katika nchi hii anajua maana yake.

Mama mkwe naye amepiga. "Mmemwaibisha Kocha! Nitapita wapi sokoni?" Nikamwambia apite palepale anapopitaga.

Kilichoniuma ni Mama Kosei. Amekuja kazini, akafunga maboksi upande wa pili wa meza, hakuniangalia mpaka tunaondoka. Akina mama wenzake walimsubiri nje. Hawakumsubiri kwa wema. Wanasema ni yeye aliyepeleka maneno.

Julai 24

Mvua kubwa, pengine mkia wa kimbunga. Fainali imesogezwa kesho. Baba Sae amerekebisha mlango wa kabati, kwa mkono wa kushoto.

Julai 25

Naandika haraka, wao wako chini kwenye gari wanafunga kiti cha mtoto.

Asubuhi tulikuwa tunakula. Redio imezimwa, hakuna aliyeigusa. Mlango ukagongwa. Mama Kosei, na nyuma yake Kosei, na nguo za mechi, amelowa. Sikuwahi kumwona karibu. Ana chunusi kidevuni. Mama yake akaanza kuinama: "Samahani kwa usumbufu..." kisha akajikatiza mwenyewe, akasimama wima, akasema, "Hapana. Mwanangu anaumwa. Mwangalieni." Basi. Mimi niliyemwita mwoga, nikakosa pa kuweka macho.

Kosei akamwambia Baba Sae, "Kaka Himeno, wenzangu walinisikilizisha ulichosema. Nilikasirika sana. Leo asubuhi nimeshindwa kushika vijiti vya kulia chakula."

"Basi ndogo ya timu imeondoka?"

"Imeondoka. Nilipanda. Liliposimama kwenye taa nyekundu nikashuka."

"Ulimwambia Kocha nini?"

"Sikumwambia. Nilifungua mlango nikashuka." Halafu akaanza kulia, kwa ile aibu ya mtu mrefu. Sae akampa kipande chake cha yai.

Simu ikalia. Nikapokea mimi, kwa kuwa Baba Sae alikuwa ameshika bega la kijana kwa vidole viwili, anamwambia pumua.

"Mke wa Himeno? Kanzaki yuko hapo?"

"Yuko, Kocha. Shikamoo Kocha."

"Mlete uwanjani sasa hivi. Vijana kumi na saba wanamsubiri. Mechi inaanza."

"Haji, Kocha."

"Nimekuuliza wewe? Mpe mumeo."

"Mume wangu ana kazi, Kocha. Samahani sana, Kocha."

"Kazi gani? Kazi si wamemnyang'anya?"

"Anamtazama kijana bega, Kocha. Tunampeleka kwa daktari, Kocha. Pole sana kwa usumbufu."

Kila nikisema Kocha nilikuwa nainamia simu, kichwa kinashuka chenyewe kama kimefungwa kamba, na mdomo unakataa. Mama Kosei alinitazama akafunika mdomo. Ni yeye aliyeanza kucheka, kile kicheko chake cha dukani. Mzee akasema nitajuta, kizazi chote cha Himeno kitajuta. Nikasema asante kwa kupiga. Nikakata.

Kisha nikawasha redio kidogo, kusikia tu. Moriguchi anasema Kanzaki leo hayuko kwenye kikosi, ana shida ya tumbo. Tumbo! Mtu mzima, na kipaza sauti, na watu mkoa mzima wanamsikiliza, anaokota tumbo. Okazoe akajibu, "Ehe." Hakuongeza neno. Nikaizima. Kuna kijana mwingine amepanda kijilimani, mdogo wa darasa la chini, na sasa namwogopea yeye.

Hatujui daktari atasema nini. Labda wamechelewa. Baba Sae kasema yeye alifika kwa daktari akiwa amechelewa mwaka mzima, huyu kachelewa wiki chache, na wiki si mwaka. Hatujui kama Jumatatu kiwandani watampokea. Lakini alipokuwa anamvua Kosei ile fulana ya mechi alianza na mkono mzima, akaipitisha kichwani, kisha ule mbovu akautoa mwisho, polepole, bila kuunyanyua hata kidogo, na kijana hakusema aa, hata mara moja. Nikajua huyu mwanamume anajua kitu ambacho redio nzima haina, na mimi kwa wiki zote hizi nilikuwa nimemwona

Wananiita, Sae amekataa kukaa kwenye kiti chake bila mimi. Nakuja! Nilitaka tu kusema kwamba nilikuwa nimemwona mdogo, na sasa nikimtazama pale dirishani, amemshikia Mama Kosei mlango wa gari kwa ule mkono wa kulia, nao umepanda kidogo, nadhani